Rufaa si kesi mpya

Mhariri,

Wafanyabiashara wengi hapa Mombasa wakishindwa kesi ya mkataba katika Mahakama ya Madai Madogo, ambayo husikiza madai yasiyozidi shilingi milioni 1, hukimbilia Mahakama Kuu wakidhani mashahidi watasikizwa upya. Hawatasikizwa. Kifungu cha 38 cha sheria ya 2016 iliyounda mahakama hiyo ndogo huruhusu rufaa kwa hoja za kisheria tu, na uamuzi wa Mahakama Kuu ndio wa mwisho. Mwamuzi wa Madai Madogo akishaamini, kwa mfano, kuwa saruji ilifika imelowa, basi yamekwisha, isipokuwa awe ameamua bila ushahidi wowote. Inauma sana mwenye haki kushindwa kwa karatasi iliyobaki dukani. Risiti, hati ya kupokea mzigo, jumbe za simu: vyote vitolewe pale pale mwanzo.

Mwanasheria,
Mombasa