Barua ya wazi kwa Waziri wa Sheria wa India: lile jiko liko wapi?

Mheshimiwa Waziri wa Sheria na Haki, New Delhi,

Shikamoo. Mimi ni Mtanzania, nimesoma sheria Pune, na naandika kwa Kiswahili makusudi maana wadogo zetu kibao bado wako huko kwenu na nataka wao pia waisome.

Wasomaji wangu kwanza waelewe, mahari ya India sio hii yetu. Kwetu anatoa mwanaume, kule anatoa baba wa binti, wanaita dahej, ilipigwa marufuku 1961 ila inatolewa mpaka kesho, pikipiki, friji, dhahabu, halafu harusi ikiisha wakwe wanataka nyongeza. Isipokuja binti anaipata joto ya jiwe, na takwimu za polisi wenu wenyewe zilihesabu vifo vya mahari zaidi ya 6,000 mwaka 2022.

Sheria mnayo, tena kali. Tangu 1986, mke akifa kifo kisicho cha kawaida ndani ya miaka 7 ya ndoa na ikathibitika aliteswa kwa ajili ya mahari muda mfupi kabla hajafa, mahakama inachukulia mume au ndugu zake ndo wamesababisha, kujinasua ni juu yao, na kifungo ni kuanzia miaka 7 mpaka maisha. Mwaka 2024 kifungu hicho, cha 304B kwenye sheria ya zamani ya makosa ya jinai, kikageuka cha 80 kwenye sheria mpya, maneno yakabaki yale yale. Na hapo kwenye "muda mfupi kabla" ndo kesi zinapofia.

Siku moja nilikaa benchi la nyuma mahakamani, baba wa marehemu anatoa ushahidi, mkononi daftari la shule limekunjamana, kaandika kila alichotoa mpaka sufuria. Wakili wa utetezi hakuligusa hata. Akauliza tu, binti yako alilalamika mara ya mwisho lini? Mzee akasema kama miezi minne kabla, tukakaa kikao, tukasuluhisha, akarudi kwa mumewe. Wakili akakaa chini, kamaliza. Yaani suluhu aliyoifanya mzee wa watu ili ndoa ya mwanae isivunjike ndo ikamgeuka! Mahakama yenu ya Juu ilishasema 2021 kwenye kesi ya Satbir Singh kwamba haimaanishi dakika chache kabla, kinachotakiwa ni mateso na kifo viwe na uhusiano ulio hai, ila pale nilipokaa watu walikuwa wanahesabu miezi kama kodi ya nyumba.

Halafu masaa ya kwanza. Utetezi unaujua, jiko la mafuta ya taa lililipuka. Polisi anafika sakafu imeshadekiwa. Daktari akikuta masizi kwenye koo la hewa ujue alikuwa anapumua wakati moto unawaka, asipoyakuta basi lazima mtu aulizwe alikufa kabla ya moto au vipi, lakini maiti ikishachomwa kimila jioni ile ile utapima nini, majivu? Na akifika hospitali yuko hai, maneno yake ya mwisho ni ushahidi kamili kisheria, sasa atasema nini mama mkwe kasimama pembeni ya kitanda? Atasema niliungua kwa bahati mbaya, ana mtoto kamwacha nyumba hiyo hiyo.

Siombi kifungu kipya, vimejaa. Najua pia polisi wako chini ya majimbo, ila waraka unaweza kutoka kwenu. Hakimu afike kitandani fasta, wakwe wote nje. Simu ya marehemu ichukuliwe siku hiyo hiyo, meseji na voisi alizowatumia dada zake ndo zitajibu hilo swali la lini, sio kumbukumbu za mzee mwenye majonzi. Majirani waandikishe maelezo kabla hawajatembelewa.

Na jiko lifungwe, lipelekwe maabara. Kwenye kesi ile ya mzee wa daftari picha ya polisi ilionyesha jiko zima, halina hata ufa, ila lenyewe halikuletwa mahakamani na hakuna aliyeuliza liko wapi.