Jioni Unakula na Nani?

Ujiji, Kigoma

Mwanangu,

Asalaam alaykum. Sisi hatujambo, ila mimi tangu Jumapili usingizi hauji. Mdogo wako alinionyesha filamu yako fupi kwenye simu, nikaitazama mara tatu. Mara ya kwanza nilipiga vigelegele hadi majirani wakaja. Mara ya tatu nilinyamaza.

Yule msichana ni nani? Anajipaka krimu mbele ya kioo, anajipiga picha nyingi, anachagua moja, kisha anazima taa na kukaa kitandani peke yake. Simu inaita, imeandikwa Mama, anailaza kifudifudi. Utasema ni maigizo. Lakini ile kanga ya dirishani ni yangu. Na ndani ya beseni nimeona kikombe kimoja na sahani moja. Jioni unakula na nani, mwanangu?

Hiyo krimu kama ni ya kweli, itupe. Zebaki ya krimu za kujichubua inapita kwenye ngozi mpaka kwenye figo, serikali haikuipiga marufuku bure. Najua utalikumbuka kopo lililokuwa juu ya kabati langu. Tena wageni wakimsifu dada yako kwa weupe nami nacheka nao, wewe umesimama mlangoni na sinia la chai. Lile kopo silitumii tena. Ukija, tazama vifundo vya vidole vyangu vilivyobaki vyeusi.

Kazi yako ni nzuri, nimemwambia kila mtu hapa mtaani. Ila kwa nini hukumpa yule binti hata jirani mmoja wa kumgongea mlango? Huku ukijifungia siku mbili watu wanaita hodi mpaka utoke. Huko kwenu nani anakugongea? Nimekuuliza mara ngapi unakula na nani, unanijibu habari za kamera.

Wiki hii ni mbalamwezi, wavuvi hawashuki ziwani na taa zao, kwa hiyo dagaa wa Kibirizi wamepanda bei. Paa la jikoni bado linavuja, baba yako anasema kesho kila siku. Nimempa mama wa jirani dumu la mawese la lita 5 na migebuka mikavu minane, anakuja huko kwa treni. Nenda stesheni mwenyewe ukampokee. Migebuka minane si ya mtu mmoja, mwite mwenzako wa chumba cha pili mle wote.

Ijumaa baada ya Magharibi nitapiga. Pokea.

Mama yako