Msituletee golini mtoto aliyekataliwa kwingine

Mhariri,

Ninafundisha makipa wa chini ya miaka 14 hapa Kondele, Kisumu, kwenye uwanja wenye milingoti ya mkaratusi. Kila msimu makocha huniletea mtoto asiyejua kukimbia: "Huyu mweke golini." Inaniuma sana.

Nataka wamjue Stephen Cluxton, aliyeidakia timu ya Dublin katika soka ya Gaelic kule Ireland. Alianza kuidakia timu hiyo 2001. Katika mchezo huo mpira ukiingia wavuni ni pointi tatu, ukipita juu ya mtambaapanya kwa kawaida ni moja. Fainali ya ubingwa wa Ireland ya 2011 dhidi ya timu ya Kerry, timu zikiwa sare na muda ukiyoyoma, kipa huyo aliliacha lango lake, akaenda hadi upande wa pili, akapiga frikiki kwa mguu wa kushoto. Dublin wakashinda kwa pointi hiyo moja. Mwaka 2023, akiwa na miaka 41, alitwaa ubingwa wake wa tisa. Na mchezo wenyewe hauna mshahara. Yeye ni mwalimu wa shule!

Ninachokipenda zaidi ni mateke yake ya kuanzisha mchezo. Hakubutua ovyo, alimtafuta mwenzake aliye peke yake. Jumamosi niliweka tairi tatu kuukuu pembeni, nikamwambia kipa wangu, "Dondosha mpira humo." Alikosa mara kumi na moja. Wa kumi na mbili ukatua ndani, vumbi likatimka, naye akakimbia kuuchukua arudie kabla sijasema neno.

Makocha wenzangu, nileteeni mwenye macho makali.

Kocha wa makipa,
Kondele, Kisumu