Barua ya wazi kwa Gavana wa Benki Kuu: tuonyesheni jumla kabla hatujatia saini

Kwa Gavana,
Benki Kuu ya Tanzania,
Dodoma.

Mheshimiwa Gavana,

Nakuandikia kuhusu namba moja ambayo siioni katika karatasi za mikopo ya nyumba ninazoletewa. Mimi ni mwalimu wa hisabati katika shule ya sekondari hapa Morogoro, na unajua mtaani mwalimu wa hesabu hugeuzwa mhasibu wa kila mtu. Wenzangu wanaotaka kukopa huniletea karatasi za benki kabla ya kutia saini. Wengine, kwa bahati mbaya, huzileta wakishatia. Karatasi zinataja kiasi cha mkopo, riba kwa mwaka, idadi ya miezi na rejesho la kila mwezi. Jumla ya shilingi ambazo mtu atakuwa ametoa hadi siku anayorudishiwa hati yake, hiyo haimo. Anayeitaka aitafute mwenyewe.

Basi tuitafute. Chukua mkopo wa shilingi milioni 80, riba asilimia 17 kwa mwaka, muda miaka 20. Riba hiyo sikuiokota. Taarifa za soko la mikopo ya nyumba ambazo ofisi yako hutoa kila robo mwaka zimekuwa zikitaja riba kati ya asilimia 15 na 19, na zinakumbusha kwamba mwaka 2010 ilikuwa kati ya 22 na 24. Imeshuka, na kwa hilo mnastahili shukrani, ninyi na TMRC, kampuni inayoyapatia mabenki fedha za muda mrefu za kukopesha nyumba.

Rejesho la mkopo huo ni shilingi 1,173,440 kwa mwezi. Mume na mke wanaangalia mishahara yao, ofisa mikopo anaangalia kama theluthi moja ya mshahara itabaki, wote wanaridhika. Sasa zidisha mara miezi 240. Inatoka shilingi milioni 281.6. Milioni 80 ni mkopo wenyewe, na milioni 201.6 ni riba. Hapo sijagusa ada ya kuchakata mkopo, mthamini, mwanasheria, usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto ya nyumba.

Nimewaonyesha hesabu hii watu wenye shahada, na itikio lao la kwanza ni kwamba nimekosea. Halafu wanatoa simu, wanazidisha wenyewe, wananyamaza.

Lakini jumla hiyo bado haielezi kinachowachanganya zaidi, nacho ni mwendo wa deni. Mwezi wa kwanza, riba ya milioni 80 kwa asilimia 17 ni shilingi 1,133,333. Mkopaji ametoa 1,173,440. Kilichopunguza deni ni shilingi 40,107, na zilizobaki zote zimekwenda kwenye riba. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo sana, kwa hiyo riba nayo imepungua kidogo sana. Ndivyo linavyokwenda. Baada ya miaka 5 ametoa milioni 70.4, na bado anadaiwa milioni 76.2. Baada ya miaka 10 ametoa milioni 140.8 na anadaiwa milioni 67.5. Nusu ya mkopo, yaani milioni 40, anaifikia baada ya kupita miaka 16. Hakuna wizi katika hesabu hiyo. Ndivyo riba inayopigwa kwenye salio inavyofanya kazi pote duniani, ila riba ikiwa juu kama yetu inabana zaidi. Ninacholalamikia ni kwamba mwenye deni anaigundua katika mwaka wa tano, anapokwenda kuomba taarifa ya mkopo wake akidhani ameshamaliza robo.

Na hapo katika mwaka wa tano ndipo anapopewa dawa inayozidisha ugonjwa. Ada za watoto zimemzidi, anakwenda benki kuongeza mkopo. Benki inafuta ule wa zamani, inamwandikia mpya wa miaka 20, na saa inaanza kuhesabu upya kutoka sifuri. Miaka mitano aliyolipa riba kubwa kuliko zote imekwenda, sasa anarudi mwanzo wa mstari kulipa tena miaka mitano ya riba kubwa kuliko zote. Kwa walimu na manesi ninaowafahamu hili ni jambo la kawaida kabisa, na sijaona karatasi inayowaambia jumla ya mikopo miwili ikiunganishwa ni ngapi.

Najua jibu litakalokuja: shilingi ya miaka 20 ijayo si shilingi ya leo. Ni kweli, na mtu mwaminifu lazima alihesabu hilo. Nimelihesabu kwa mfumuko wa bei wa asilimia 4 kila mwaka, ulio ndani ya lengo lenu la asilimia 3 hadi 5. Marejesho yote 240, yakigeuzwa kuwa thamani ya fedha za leo, ni kama milioni 194. Bado ni zaidi ya mara mbili ya mkopo. Mfumuko wa bei unampunguzia mkopaji mzigo pale unapokuwa karibu na riba. Ukiwa 4 na riba ikiwa 17, mzigo anaubeba yeye.

Muda wa mkopo ndio sehemu ambayo elimu ndogo ingeokoa fedha nyingi, na ndiyo haielezwi kabisa. Mtu anaambiwa: ukichukua miaka 25 badala ya 20, rejesho linashuka. Kweli linashuka, kwa shilingi 23,000 hivi kwa mwezi. Jumla inapanda kutoka milioni 281.6 hadi 345. Yaani ameuza milioni 63 kwa unafuu mdogo kiasi hicho. Akigeuka upande wa pili na kuchukua miaka 15, rejesho linapanda kwa chini ya shilingi 58,000, na jumla inashuka kwa milioni 60. Na aliyechagua miaka 20 lakini akaongeza shilingi laki moja juu ya kila rejesho, tangu mwezi wa kwanza, anamaliza katika miaka 13 na mwezi mmoja hivi, na anaepuka kulipa karibu milioni 82. Wapo ambao wangeshindwa hiyo laki moja, sawa. Wapo wengi ambao wangeipata, kama wangejua inanunua nini.

Tatizo ni kwamba hata anayejua anakutana na kifungu. Baadhi ya mikataba niliyosoma inatoza ada kwa anayelipa kabla ya wakati. Mingine haitozi, lakini fedha ya ziada inakaa tu kwenye akaunti ikisubiri tarehe ya makato, bila kupunguza deni hata senti, mpaka mteja aandike barua. Mingine inapunguza deni kisha inashusha rejesho na kuacha muda uleule, wakati mteja alitaka muda ufupishwe. Mteja anapaswa kujua mapema ni lipi kati ya hayo.

Halafu kuna riba inayobadilika. Karibu kila mkataba niliousoma una sentensi inayoipa benki haki ya kubadili riba kwa kumpa mteja notisi. Wanaosaini huipita kama wanavyopita maandishi madogo ya tiketi ya basi. Rudi kwa yule mkopaji wetu wa mwaka wa tano mwenye deni la milioni 76.2. Riba ikipanda kutoka 17 hadi 19, riba ya mwezi peke yake ni shilingi 1,207,000. Rejesho lake ni 1,173,440. Maana yake, kama benki haitagusa rejesho, analipa kila mwezi na deni linakua kila mwezi. Ili amalize katika muda aliopangiwa, rejesho lazima lipande hadi karibu 1,283,000. Laki moja na ushee zaidi, kwa mtu ambaye theluthi yake ilishapimwa hadi mwisho.

Kwa upande wa kushuka, Julai 2025 Kamati ya Sera ya Fedha ilipunguza riba ya Benki Kuu kutoka asilimia 6 hadi 5.75. Magazeti yaliandika, na wenzangu wakaniuliza kama mikopo yao nayo itashuka. Nikawafungulia mikataba yao. Hamna mahali panaposema riba yao inafungamana na nini, kwa hiyo hakuna mahali pa kuidai ishuke. Kifungu cha kupanda kipo, cha kushuka wameachiwa huruma ya benki.

Jambo hili haliwahusu wenye mikopo mikubwa peke yao. Wengi wetu hatujengi kwa rehani. Tunanunua kiwanja, tunafyatua tofali, tunasimamisha boma, tunasubiri, tunapaua. Pita Kihonda au Mkundi, hapa Morogoro, uone maboma yaliyoota majani ndani. Watu hawa hukopa milioni 20 za kumalizia nyumba kutoka kwa wakopeshaji wadogo, ambao wengi wanasimamiwa kwa Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ya 2018. Huko utaambiwa riba ni asilimia 10 tu, na unafurahi ukiilinganisha na 17 ya benki. Ila ile 10 inapigwa kwenye milioni 20 zote, kila mwaka kwa miaka 5, hata pale ulipobakiwa na deni la milioni 2. Rejesho linakuwa shilingi 500,000 kamili kwa mwezi. Ukiipima kwa kipimo cha benki, cha riba juu ya salio, hiyo ni asilimia 17 na kitu. Bei ni moja, vibao viwili, na kila duka linatumia mizani yake.

Mheshimiwa Gavana, mamlaka unayo. Kanuni za Kumlinda Mtumiaji wa Huduma za Fedha za mwaka 2019 ni zenu. Ninachoomba ni ukurasa mmoja wa Kiswahili mbele ya kila mkataba wa mkopo wa nyumba, kwa sura moja kwa wakopeshaji wote, na saini ya mkopaji iwe kwenye ukurasa huo. Juu kabisa uandikwe, kwa herufi kubwa kuliko za rejesho, jumla ya shilingi zitakazolipwa hadi mwisho, ada na bima zikiwamo. Chini yake jumla hiyohiyo kwa miaka 10, 15, 20 na 25, bega kwa bega. Kisha deni litakalobaki kila baada ya miaka mitano, rejesho jipya endapo riba itapanda kwa asilimia 2, kama kutoka 17 hadi 19, na kifungu cha kulipa mapema kwa sentensi isiyozidi mistari miwili. Anayeongeza mkopo apewe ukurasa huo upya, ukiwa na jumla ya alichokwisha kulipa. Kila Januari, mwenye mkopo atumiwe taarifa inayoonyesha ametoa kiasi gani mwaka uliopita na ni kiasi gani kilichopunguza deni.

Si jambo geni. Marekani, tangu Oktoba 2015, mkopaji wa nyumba hupewa fomu siku tatu za kazi kabla ya kukamilisha mkopo, na ndani yake upo mstari wa jumla ya malipo yote. Jirani zetu Kenya, mwaka 2017, Benki Kuu yao na chama cha mabenki walifungua tovuti ya kupimia gharama yote ya mkopo, riba pamoja na ada, benki kwa benki. Kwa benki zetu gharama ya kufanya hivi ni ndogo mno: kompyuta iliyotoa rejesho ndiyo hiyohiyo inayojua jumla.

Nakuomba pia ukumbuke mtu wa tatu katika mkataba. Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka ridhaa ya mwenza pale nyumba ya familia inapowekwa rehani. Mara nyingi ni mke, anaitwa benki siku ya mwisho, anaonyeshwa pa kutia saini, mkataba uko kwa Kiingereza. Anaridhia deni ambalo hata mumewe hajui jumla yake, na siku dalali wa mnada akigonga mlango, yeye ndiye anayekuwa nyumbani. Ukurasa ninaouomba usomwe mbele yake pia, naye atie saini hapo hapo.

Wapo watakaosema watu wakiona milioni 281 watakimbia, na soko letu la mikopo ya nyumba, ambalo bado ni dogo, litazidi kusinyaa. Siamini. Mwenye kodi ya pango inayopanda kila mwaka na watoto wanaohamishwa shule anaweza kuitazama milioni 281, akaona bado inamfaa kuliko kupanga maisha yote, akasaini. Mwingine ataomba milioni 50 badala ya 80, nyumba ya vyumba viwili badala ya vinne. Mwingine atachukua miaka 15. Mwingine ataipeleka jumla hiyo benki ya pili kuomba bei nzuri zaidi, na hapo ndipo mabenki yatakapoanza kushindana kwa kitu kinachomgusa mteja. Atakayekimbia, kuna uwezekano mkubwa kwamba angekuja kushindwa kulipa, na benki ingebaki na nyumba ya kupiga mnada na kesi ya zuio mahakamani.

Ukihitaji mfano wa ukurasa huo, ninao niliowatengenezea wenzangu, kwa hesabu ambazo mwanafunzi wa kidato cha sita anaweza kuzikagua. Nitauwasilisha tawi lenu lolote mtakaloniambia.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Mwalimu wa hisabati,
Morogoro.