Maiki ya mezani: pini 8 sio kigezo

Mhariri, naomba kanafasi niwaambie wenzangu wa redio za ridhaa (wanaorusha mawasiliano ya redio kama burudani, sio biashara), plagi ya maiki kuwa na pini 8 haimaanishi itakubali redio yoyote ya pini 8. Kila kampuni ya redio ina mpangilio wake: Icom sauti iko pini 1 na swichi ya kurusha pini 5, Kenwood sauti 1 ila swichi 2, Yaesu nyingi sauti 8 swichi 6. Mi nilichomeka tu nikabonyeza, redio kimyaaa. Alafu Icom inapitisha volti kidogo kwenye waya wa sauti kulisha maiki ya elektreti (aina inayohitaji umeme kidogo ili ifanye kazi), sasa kama yako ni dainamiki (isiyohitaji umeme huo) weka kapasita katikati, kifaa kidogo kinachozuia volti hizo ila kinapitisha sauti, na waya za ardhi za sauti na za swichi zitenganishe, la sivyo ni mngurumo tu. Fungueni kitako cha maiki mpime na mita kwanza jamani.

Msomaji wenu