Barua kwa wazazi ambao watoto wao wameacha kuitwa

Wanangu mlioko Leicester, Barking, Milton Keynes na kwingineko humu Uingereza, ninyi mlioandikisha watoto wenu kwa mawakala wa uigizaji: salaam kwenu nyote.

Mnanijua. Miaka kumi na sita nilikuwa mtunzaji, nikikaa na watoto wa watu lokesheni, pale sinema zinapopigwa, kibali cha kaunsili (serikali ya mtaa) shingoni, saa mkononi, biskuti mkobani. Nimestaafu sasa, magoti hayataki tena baridi ya alfajiri, lakini simu zenu hazijastaafu. Mwezi huu nimepigiwa mara nne, na mara zote swali ni lile lile: "Bibi, mtoto alianza vizuri, mbona sasa hawamwiti?" Nikiuliza umri, naambiwa kumi na tatu, kumi na nne. Sauti imekatika, miguu imerefuka, wakala kanyamaza. Nawajibu wote hapa, nami nilale.

Novemba 2020, tulipofungiwa ndani mara ya pili kwa ajili ya korona, mjukuu wangu alinikalisha nitazame The Queen's Gambit, ile tamthilia ya Netflix ya sehemu saba kuhusu binti yatima wa Kimarekani anayecheza sataranji. Mna kijana mmoja mwembamba, bingwa wa jimbo la Kentucky, anayefungwa na yule binti, kisha siku za mbele anarudi kumfundisha. Nilimpenda. Anaigiza kwa macho, hapigi kelele. Nikauliza ni nani. "Huyo ndiye Dudley, Bibi." Nikabisha! Dudley namjua, yule mtoto mnene wa sinema za Harry Potter aliyedekezwa mpaka akaharibika, anayehesabu zawadi zake na kununa kwa sababu za mwaka jana zilizidi kwa moja. Tulibishana hadi nikaonyeshwa jina: Harry Melling.

Tangu hapo namfuatilia kama mtu anavyofuatilia mtoto wa jirani.

Alizaliwa London mwaka 1989, na najua mtasema ana ukoo. Ni kweli. Mama yake, Joanna Troughton, ni mwigizaji, na babu yake ni Patrick Troughton, aliyekuwa mwigizaji wa pili kumcheza mhusika mkuu wa Doctor Who, tamthilia ya televisheni ya BBC, kuanzia 1966 hadi 1969. Babu alifariki miaka miwili kabla mjukuu hajazaliwa. Ukoo ni mtaji, sikatai. Ila nadhani faida yake kubwa haikuwa kumfungulia milango, ilikuwa ni kulelewa na watu wanaojua kuwa katika kazi hii simu hunyamaza, na ikinyamaza hakuna aliyefiwa.

Sinema ya kwanza ya Harry Potter ilitoka 2001 akiwa na miaka 12. Zote ni nane, yeye yumo katika tano tu, na humo nyingi anaonekana dakika chache. Ya nne hayumo. Ya sita hayumo. Ilipofika ya saba, mwaka 2010, alikuwa amekonda kiasi cha kuvalishwa maleba ya kumnenepesha ili watu wamtambue. Mwenyewe amewahi kusema kule kukonda kulimsaidia, maana hakuna tena aliyemjua, akaweza kuanza upya. (Simwambii mtu amkondeshe mwanawe. Namjua atakayesoma hivyo.)

Akaenda kusoma LAMDA, chuo cha uigizaji cha hapa London. Mwaka 2009 alikuwa jukwaani National Theatre katika Mother Courage, tamthilia ya vita ya Mjerumani Brecht, na aliyemchezea mama yake ni Fiona Shaw, yule yule aliyekuwa mama yake Dudley. Huko kwenye sinema mama alimharibu kwa deko, hapa akampoteza vitani. Mwaka 2014 akajiandikia mchezo wake, Peddling, wa mtu mmoja, akaucheza mwenyewe: kijana mchuuzi anayegonga milango ya watu London kuuza vikorokoro. Hakungoja aitwe. Mwaka 2018 ndugu wawili Coen, waongozaji wa sinema wa Marekani, wakampa nafasi ya msanii asiye na mikono wala miguu, amekaa juu ya gari la farasi akighani mashairi, amebakiwa na uso na sauti peke yake. Ndipo ikaja ile ya sataranji. Kutoka Dudley wa kwanza hadi hapo ni miaka 19.

Na ndani ya tamthilia hiyo hiyo yumo mwenzake, Thomas Brodie-Sangster, yule wa kofia na kisu kiunoni. Ndiye mtoto aliyejifunza ngoma kwa ajili ya mapenzi katika sinema ya Love Actually ya 2003. Huyu kuanzia 2007 hadi 2015 alikuwa sauti ya Ferb kwenye katuni ya Phineas and Ferb, mhusika ambaye hasemi karibu neno. Ni kazi ya sauti kwa mtu asiyezungumza, na aliikubali! Mwaka 2021, kwa ile ya sataranji, akateuliwa kuwania Emmy, tuzo ya televisheni ya Marekani.

Sasa niwaambie niliyoyaona mimi. Sheria ya Uingereza inambana mwajiri kwa saa. Mtoto wa miaka tisa na zaidi asizidishe saa tisa na nusu kazini kwa siku, na kuigiza kwenyewe kusipite saa tano. Mtunzaji mmoja asichukue zaidi ya watoto 12. Kaunsili inaweza hata kuweka sharti fedha za mtoto ziwekwe akiba. Nilisimamia hayo yote kwa ukali, mwongozaji akininunia sijali. Lakini hakuna kibali kinachonipa ruhusa ya kumfuata mtoto nyumbani.

Kulikuwa na mvulana mmoja wa miaka kumi na tatu. Kila asubuhi, kabla hatujaingia, mama yake alimpeleka chooni kumnyoa masharubu yaliyoanza kuota, ili aonekane wa kumi na moja. Mtoto anatoka mdomo mwekundu, hanitazami. Nilinyamaza siku tatu. Ya nne nikasema, tukagombana na yule mama, na hatujasemezana mpaka leo. Najuta zile siku tatu.

Basi wakala akinyamaza, nanyi nyamazeni. Msimpigie kila wiki. Mpelekeni mtoto kwenye mchezo wa shule hata akipewa kushika pazia, na akitaka kuandika kitu chake, mwacheni aandike. Wale wa kundi letu la simu wanaotuma picha za watoto wa wenzao walioitwa, naomba waache, maana watoto nao wanasoma hizo simu.

Akisema hataki tena, napo msilie. Fedha za tangazo lile la sabuni si mahari, hakuna wa kuzidai.

Na wewe uliyenipigia Jumatano ukanisimulia kwa nusu saa kuhusu picha mpya za mwanao za kumpelekea wakala: ulipokwenda kuzima jiko, simu aliichukua yeye. Aliniuliza kama namfahamu kocha yeyote wa mpira huko kwenu. Sikumwambia nitakuficha. Kaa naye umuulize.

Bibi yenu,
Leicester