Shomari asishike maiki

Hamisi ndugu yangu,

Salamu nyingi, hamjambo hapo nyumbani? Huku salama, na Mama Zuhura jino limeshamwachia. Mengine tutaongea, maana kuna jambo limenikaa rohoni tangu uliposema Jumamosi mtawaonyesha watoto zile sinema bubu, na Shomari atakuwa na maiki akitafsiri kama kule kibanda umiza, kwenye banda la video.

Tafadhali, usimruhusu.

Chukua ile ya ndugu wawili Lumière, watengeneza sinema wa Ufaransa, waliyoionyesha Paris Desemba 1895. Haifiki hata dakika moja. Mtunza bustani anamwagilia maji, kijana ananyemelea kwa nyuma, anakanyaga mpira wa maji. Maji yanakatika. Mzee anaugeuza mpira, anachungulia tundu lake, na hapo ndipo penye utamu wote: watoto wanamwona kijana, mzee hamwoni! Shomari akidakia "atalowa huyo!" kishawanyang'anya kicheko. Waache walipige yowe wenyewe. Mguu unainuliwa, maji usoni, puu! Halafu kijana anatimua mbio, na kamera ya siku zile imesimama palepale, haimfuati. Basi mzee anamkimbiza, anamkamata, anamrudisha hadi mbele yetu ndipo anamchapa. Naipenda mno sehemu hiyo.

Simchukii Shomari. Sinema za vita hakuna wa kumfikia. Lakini hizi zilitengenezwa zieleweke bila mdomo. Mzee Komba akitaka kuweka muziki, aweke, hata kumbi za enzi hizo zilikuwa na mpiga piano. Maneno ndiyo siyataki.

Na yule mchekeshaji Buster Keaton, kwenye sinema yake ya 1928, ukuta mzima wa mbele ya nyumba unamwangukia, naye amesimama pale pale dirisha lililo wazi linapotua. Ukuta wa kweli, Hamisi! Hata kope hapepesi. Utatia neno gani hapo? Acha watoto washike vichwa.

Sasa niambie, umeshamwahidi Shomari au bado? Ukiona haya, nimpigie mimi? Projekta mmepata, na shuka jeupe la kutosha? Umeme ukikatika mna jenereta? Na ya mtunza bustani, mnaweza kuirudia mara ya pili, wale wadogo watakaochelewa waione? Nijibu kabla ya Ijumaa, nipate kuja na basi la asubuhi.

Wako,
Rehema